Sanamu haisikii maumivu: juu ya nini wanafunzi wa uuguzi wanajizoeza mbele ya kumgusa mgonjwa

Hotuba ya kikundi cha wauguzi na waalimu wa uuguzi ndani ya chama chetu, iliyosomwa mbele ya wanachama katika mkutano mkuu, Bunia

Tunajua wengine wanarudi mbali na mvua haiko mbali, kwa hiyo hatutazunguka.

Chama chetu kinasaidia watoto wa wanachama wanaosoma uuguzi. Katika mkutano uliopita, mama mmoja alisimama akasema: «Tunauzisha mihogo tulipe minervali, kisha tunasikia batoto banacheza na pupe. Ile ni masomo gani?» Watu walicheka, lakini ulizo lilikuwa la maana. Mtu aliyetoa makuta yake ana haki ya kujua yanafanya kazi gani. Sisi wenye kufanya kazi hiyo tuliombwa tujibu, na leo tunajibu.

Jambo lenyewe ni nini

Shule zinaliita simulasio. Maana yake ni kuigiza kazi mbele ya kuifanya kwa kweli. Mwalimu anatengeneza chumba kifanane na cha hospitali: kitanda, vyombo, saa ukutani, na mgonjwa ambaye ni sanamu ao mtu mzima anayejifanya mgonjwa. Mwanafunzi anaingia na kufanya kazi yote kama ya kweli. Anasalimia, anauliza, anapima tansio, anaamua, anaita msaada, anaandika kwenye fishi. Wenzake wanaangalia. Kisha wote wanakaa chini na kuzungumza: nini kimefanyika, juu ya nini, na mara ijayo tufanye namna gani. Ile sehemu ya mwisho njo masomo yenyewe. Shule ikiondoa yale mazungumzo, kweli utakuwa umebaki mchezo wa pupe, na mama yetu atakuwa amesema haki.

Kila kazi ya mikono inajua jambo hili. Fundi wa kushona hamkatishi mwanafunzi wake kikwembe cha harusi siku ya kwanza. Anamwanzisha na karatasi, ao na kitambaa kibovu. Mwenye kujifunza kuendesha pikipiki habebi mteja na magunia yake siku ya kwanza. Lakini katika uuguzi, kwa miaka mingi, watu walikubali kwamba mwanafunzi ajifunze sindano kwenye mkono wa mgonjwa. Na ule mgonjwa alikuwa nani? Hakuwa mtu mkubwa. Alikuwa mtu wa chumba cha wote, mkimbizi, mama asiyekuwa na ndugu wa kusema kwa ajili yake. Sisi tuliokaa katika makambi, ngambo ya ziwa na huku Bunia, tunajua ni mkono wa nani unaochomwa mara tano wakati mshipa unatafutwa. Sanamu haisikii maumivu. Ikichomwa mara hamsini hailii, wala haitakataa kurudi hospitali.

Iko sababu nyingine, na kwetu tunaorudi vijijini ni kubwa kuliko ya kwanza. Katika santre ya afya ya kijijini, usiku, kuna muuguzi mmoja, pengine na mzalishaji mmoja. Hakuna daktari wa kuita pale pale, na barabara tunaijua. Mama anazaa, kisha damu inatoka na haisimami. Ao mtoto anatoka na hapumui. Mambo hayo hayatokei kila siku. Mwanafunzi anaweza kumaliza staji nzima bila kuyaona. Na siku yakitokea mbele yake, anasukumwa pembeni, maana wakubwa wanakimbia kuokoa mtu, na hawana nafasi ya kufundisha. Anapata diplome yake, anatumwa kijijini, kisha usiku mmoja jambo linamfikia akiwa peke yake, kwa mara ya kwanza katika maisha yake. Mama aliyeko kitandani wakati huo anaweza kuwa binti wa mmoja wetu. Simulasio inafanya jambo linalotokea mara chache lifanyiwe mazoezi kila juma.

Si kitu cha juzi, wala si cha matajiri tu

Wengine wanafikiri ni mtindo wa kisasa wa kula pesa. Tuwape historia kidogo.

Katika Ufaransa ya zamani kulikuwa mzalishaji aliyeitwa Angélique du Coudray. Mwaka 1759 alitoa kitabu chake cha kufundisha uzalishaji, na mfalme Louis XV akampa kazi ya kufundisha wanawake wa vijijini. Alizunguka nchi kwa zaidi ya miaka 20 na kufundisha maelfu ya watu. Wengi wa wanafunzi wake hawakujua kusoma, basi kitabu peke yake kisingewasaidia. Alifanya nini? Alishona. Alitengeneza sehemu ya chini ya mwili wa mama kwa kitambaa na ngozi, akaijaza vizuri, akatengeneza na mtoto wa kitambaa. Kila mwanafunzi aliingiza mkono wake, akajifunza namna ya kumgeuza na kumpokea mtoto. Moja ya zile kazi zake iko mpaka leo katika mji wa Rouen, ndani ya jumba la makumbusho. Wamama wetu washonaji wasikilize hapo vizuri, tutarudi kwao.

Mwaka 1911, shule ya wauguzi ya hospitali ya Hartford, Marekani, ilipata sanamu ya ukubwa wa mtu, iliyotengenezwa na kampuni ya pupe ya Martha Chase. Wanafunzi walimwita Mrs Chase. Walijifunza kumgeuza kitandani, kumvalisha, kumwosha. Mwaka 1960, mtengenezaji wa michezo ya watoto wa Norvège, Asmund Laerdal, alitoa sanamu ya kujifunzia kumrudishia mtu pumzi na kumkandamiza kifua. Mwaka 1963, daktari Howard Barrows huko Los Angeles alianza kutumia watu wazima wasio na ugonjwa, waliofundishwa kujifanya wagonjwa, ili wanafunzi wajifunze kuuliza na kuchunguza. Mnaona vile mambo yalianza: kitambaa, pupe, mchezo wa watoto, mtu anayeigiza. Mashini za bei kali zilikuja nyuma.

Hapa kwetu tumeshaiona

Na sisi wenyewe tumeiona simulasio, ijapokuwa hatukuiita kwa jina hilo.

Tarehe 1 Agosti 2018 serikali ilitangaza Ebola iliyoanzia Mangina, karibu na Beni. Ugonjwa ulifika katika Ituri yetu, Mambasa, Mandima, Komanda, hata Bunia. Ulitangazwa umeisha tarehe 25 Juni 2020. Watu 3,470 walihesabiwa kuwa na ugonjwa, na 2,287 walikufa. Kati ya walioambukizwa kulikuwa wafanyakazi wa afya zaidi ya 160. Hao walikuwa wanaenda kusaidia.

Mbele ya kumwingiza muuguzi kwenye chumba cha mgonjwa wa Ebola, walimfanyisha nini? Walimvalisha yale mavazi yote pasipo mgonjwa. Kanzu, miwani, kofia, mipira ya mikono miwili kila mkono. Kisha walimvulisha, hatua kwa hatua, maana hatari kubwa iko wakati wa kuvua: umechoka, jasho linakuingia machoni, unataka kujikuna. Mwenzako anasimama mbele yako, anasoma hatua kwa sauti, anakutazama. Unaosha mikono na maji ya klorini ya 0.05 kwa mia. Ile ya nguvu, ya 0.5 kwa mia, inabaki kwa vitu na sakafu. Ukipotea hatua moja, unaanza upya. Mara kumi, mara kumi na tano, mpaka mikono inajua yenyewe. Wakati ule hakuna mzazi aliyesema wauguzi wanacheza. Kila mtu alielewa kwamba makosa yafanyike hapa inje, ili yasifanyike mule ndani.

Na wale tuliokimbia mwaka 2018 kuvuka Ziwa Albert mpaka Kyangwali, Uganda, tunakumbuka kipindupindu kilichotokea huko mwaka ule ule. Tunakumbuka vile kujua kuchanganya maji ya chumvi na sukari kwa kipimo cha kweli kulikuwa kazi ya mikono, si ya kichwa peke yake. Mtu aliyeisikia tu kwa masikio anasahau kipimo siku ya wasiwasi. Mtu aliyeichanganya mara nyingi hasahau.

Siku moja haitoshi

Sasa tuseme ukweli wote. Simulasio inayofanyika mara moja, siku ya sherehe, wageni wakipiga foto, haisaidii sana. Jambo hili limepimwa karibu na sisi, Tanzania, katika hospitali ya Haydom, mkoa wa Manyara.

Mwaka 2010 wauguzi na wazalishaji wa pale walifundishwa kwa siku moja namna ya kumsaidia mtoto mchanga asiyepumua. Masomo yenyewe yanasisitiza dakika ya kwanza: mpanguse mtoto, mpe joto, msugue mgongo, na kama bado hapumui, anza kumpulizia hewa kwa mfuko na maski mbele ya dakika moja kuisha. Kwa sanamu, wote walifanya vizuri. Lakini watafiti walipotazama chumba cha kuzalishia, kazi ya kweli ilikuwa haijabadilika. Kujua kulikuwepo siku ya masomo. Kufika kwa mtoto wa kweli, hapana.

Ndipo walibadilisha namna. Sanamu ya mtoto iliwekwa pale pale kazini. Kila juma, mfanyakazi alijizoeza kwa dakika 3 mpaka 5 tu. Kila mwezi, dakika 40 za kurudilia na mwenzao wa pale pale aliyepewa kazi ya kuwasimamia. Hakuna mgeni, hakuna hoteli, hakuna pesa ya siku. Mwaka mmoja wa kwanza walihesabu: watoto waliokufa ndani ya saa 24 walishuka kutoka 11.1 kwa kila 1,000 waliozaliwa mpaka 7.2. Maana yake, katika kila watoto 1,000, karibu wanne zaidi walibaki hai. Wamama wanne walirudi nyumbani na watoto wao.

Tuliposoma hesabu hiyo tulielewa mambo mawili. Kwanza, kitu kidogo kinachorudiliwa kinashinda kikubwa cha mara moja. Sisi watu wa likelemba tunajua hivyo: franka kidogo kila juma inajenga nyumba, na mwenye kungoja kupata nyingi siku moja anabaki anangoja. Pili, mazoezi yanatakiwa kuwa pale kazi ilipo, si mbali.

Sanamu ya bei kubwa ao kikwembe?

Ziko sanamu zinazopumua, zinazotoa jasho, zenye moyo unaopigwa na kompyuta. Ni nzuri. Lakini zinataka umeme usiokatika, fundi wa kuzitengeneza, na vipande vya kubadilisha vinavyotoka ng'ambo. Tumeona katika maisha yetu vyombo vya namna hiyo vikifungwa ndani ya kabati, mkuu ana ufunguo, vumbi linajaa. Mwanafunzi anavionyeshwa siku ya mgeni.

Angalieni yale yanayoweza kufanyika na vitu vya sokoni. Kwa kujifunza sindano ya msuli, chungwa ao sponji iliyofungwa ngozi ya bandia. Kwa kushona kidonda, kipande cha nyama yenye ngozi. Kwa kuzalisha, mfuko wa uzazi wa kitambaa na mtoto wa kitambaa, ambavyo mtu mzima anavifunga mbele yake kama aproni, analala kitandani, analia kama mama, anajibu kama mama. Kwa kumrudishia mtoto pumzi, hapo inatakiwa sanamu ya kweli, maana kifua kinapaswa kuinuka ili mwanafunzi ajue hewa imeingia. Ziko za plastiki zinazojazwa maji, zinapata uzito kama wa mtoto.

Na kwa kujifunza damu: chukua maji yenye rangi nyekundu, pima nusu litre, mwaga kwenye kikwembe kikavu. Mwulize mwanafunzi: ni kiasi gani? Mara nyingi atasema kidogo kuliko kweli. Macho yetu yanadanganya, damu ikinyonywa na kitambaa inaonekana si nyingi. Na kisha kuzaa, nusu litre njo mpaka ambapo tunasema hii sasa ni hatari. Mwanafunzi aliyemwaga maji hayo mara kumi hatangoja mama azimie ndipo aanze kukandamiza tumbo na kuita msaada. Somo hilo ni kikwembe kimoja, kikombe cha kupimia na maji.

Kukosea bila kupigwa haya

Hapa tunafika kwenye jambo gumu. Wengi wetu tulifundishwa kwa ukali. Ukikosea, mwalimu anakupigia kelele mbele ya wenzako, pengine mbele ya mgonjwa. Tulijifunza nini? Tulijifunza kuficha. Na muuguzi anayeficha kosa ni hatari kuliko muuguzi asiyejua.

Kwa hiyo yale mazungumzo ya mwisho yanakuwa na sheria zake. Anayeanza kusema ni yule aliyefanya kazi, si mwalimu. Tunasema tendo, hatusemi mtu: «dawa ilichelewa dakika mbili», si «wewe ni mzembe». Na yanayosemwa mule chumbani hayatoki kwenda kuwa masimango ya njiani.

Tena, mwanafunzi anajizoeza kumwambia mkubwa wake neno bila kumvunjia heshima. Kwetu mtoto hamkatizi mzee. Ni desturi nzuri, tunaishika. Lakini titulere amechoka, ameshika kipimo kisicho cha kweli, na mtoto ameona. Afanye nini? Tunamfundisha maneno na anayasema kwa sauti, mara nyingi, mpaka yasimkwame: «Papa, tuhakikishe kipimo kwanza.» Na anayeagizwa anarudilia agizo: «Oksitosini, uniti 10, kwenye msuli.» Akimaliza anasema: «Nimechoma.» Inaonekana kama kasuku. Lakini usiku wa kelele na taa ndogo, hiyo kurudilia njo inayozuia dawa ipewe mara mbili, ao isipewe kabisa.

Iko na jambo lingine tusilolifunika. Katika Ituri yetu, kuna mgonjwa anayetega sikio kwanza asikie jina na lugha ya muuguzi, ndipo anyooshe mkono. Na kuna muuguzi anayefanya vile vile. Kila mtu humu anaelewa. Mwalimu mwenye akili anapanga vikundi vya mazoezi akivichanganya: mtoto wa huku na mtoto wa kule kwenye kitanda kimoja, mmoja anashika mfuko wa hewa, mwingine anahesabu. Hatuahidi kwamba sanamu italeta amani. Lakini vijana waliookoa sanamu pamoja mara ishirini wanajua mikono ya kila mmoja, na siku wakipangwa pamoja kazini hawaanzi kwa kuogopana.

Nafasi yenu, wanachama

Yule mgonjwa wa kuigiza, anaweza kuwa ninyi. Na hapa tuna utajiri ambao shule nyingi hazina. Ni nani anayejua kuwa mgonjwa asiyesikilizwa kuliko mtu aliyekuwa mkimbizi?

Kazi iko hivi. Unapewa hadithi fupi ya kushika kichwani. Kwa mfano: una homa siku tatu, una mimba ya miezi mitano, ulikunywa dawa za majani, na hautasema hivyo mpaka uulizwe kwa upole. Mwanafunzi anaingia. Akikuuliza vizuri, unamwambia. Akikuuliza kwa haraka huku anaandika, unanyamaza, kama unavyonyamaza kwa kweli. Mwishoni unamwambia ulichosikia moyoni: «Ulizungumza na karatasi, haukunitazama.» Neno hilo likitoka kwa mama mzima, linamwingia mwanafunzi kuliko saa nzima ya mwalimu. Na kama ulimwelezea kwa Kilendu, Kihema, Kialur ao Kibira, naye anatafuta njia ya kukuelewa, hilo pia ni zoezi, maana santre zetu ziko hivyo.

Kuna sheria za kuwalinda, na tunaziweka wazi. Mtu anayeigiza hachomwi sindano, hapewi dawa ya kumeza, havuliwi nguo. Hatuigizi mashambulio, risasi, kukimbia usiku, wala mambo waliyotendewa wamama. Wengi humu waliyaishi, na kuyaamsha ni kuumiza mtu. Kukiwa na neno la kusimamisha, wote wanasimama mara moja: tumechagua «basi kweli». Chupa za maji zinazotumika kama dawa zinaandikwa kwa rangi «ya mazoezi» na zinafungwa mbali na dawa za kweli, zisije zikachanganyika hata siku moja. Na hakuna foto kwenye WhatsApp. Wakati wa Ebola tuliona vile picha moja bila maelezo inaweza kuwasha uvumi mji mzima.

Isichoweza kufanya

Simulasio haiondoi staji. Marekani, mwaka 2014, walitoa matokeo ya utafiti uliofanyika katika shule 10: wanafunzi waliofanya hadi nusu ya saa za staji kwa simulasio walimaliza wakiwa sawa na wenzao. Lakini shule hizo zilikuwa na waalimu waliofundishwa kazi hiyo, vyombo, na mazungumzo ya mwisho kila mara. Mtu asije kwetu na pupe moja iliyochanika akasema sasa staji ipunguzwe. Harufu ya kidonda, uzito wa mtu mzima asiyejiweza, mama anayelia kwa kweli, hayo yanajifunzwa hospitali tu. Simulasio ni mlango wa kuingilia. Haikai mahali pa nyumba.

Wala haitafuti dawa zilizokosa kwenye santre. Muuguzi anayejua kila kitu bila oksitosini kabatini, mikono yake imefungwa. Hayo tunayadai pia, lakini ni hotuba nyingine.

Tunakumbuka Nyankunde. Tangu miaka ya 1960 ile hospitali ilitibu na kufundisha wauguzi wa kila upande. Tarehe 5 Septemba 2002 ilishambuliwa, watu wengi wakauawa, vyombo vikaibiwa. Waliopona wakatembea kwa miguu msituni kuelekea Oicha. Hawakubeba vitanda wala mashini. Walibeba kile mikono yao ilijua, na kazi ya kutibu na kufundisha iliendelea kule walikofika, mpaka siku ya kurudi kujenga. Tuliokimbia mara mbili, mara tatu, tunaelewa kwamba mali ya namna hiyo haichomwi na moto.

Tunachoomba

Kwanza, wazazi msikatae mtoto akisema leo tulikuwa na mazoezi ya sanamu. Lakini mwulize maulizo matatu: wewe mwenyewe umefanya mara ngapi, ao uliangalia tu? Kisha mazoezi, nani alizungumza nanyi? Na mbele ya staji, nani alihakikisha mikono yako iko tayari? Majibu yakiwa mabaya, tuende pamoja kuwaona wakuu wa shule, kwa heshima, tukiwa kikundi.

Pili, wamama washonaji: tunaomba mishono mitatu ya mfuko wa uzazi na watoto watatu wa kitambaa. Kipimo na mchoro tunavyo. Vipande vya vikwembe vinavyobaki vinatosha.

Tatu, wanachama sita wa kujitolea kuwa wagonjwa wa kuigiza, wanaume na wanawake, na zaidi wazee.

Nne, chumba hiki cha mkutano kitumike mara mbili kwa mwezi, saa za nyuma ya midi, kwa watoto wetu waliomaliza masomo na wanangoja kazi. Mikono isiyofanya kazi inasahau haraka, na hawa njo wataitwa kwenda vijijini santre zikifunguliwa tena. Sisi wauguzi tutasimamia kwa zamu, bila malipo.

Tano, sanamu moja ya mtoto mchanga pamoja na mfuko wake wa hewa na maski. Hiyo haishoneki. Bei tutaileta kwa maandishi mbele ya mkutano ujao, kila mtu aione, kisha ninyi mtaamua kama itoke kwenye sanduku ao tuitafute kwingine. Minervali ya watoto isiguswe kwa ajili yake.

Tumemaliza. Wenye maulizo wasimame, hata wenye maulizo makali. Tuko wanne hapa mbele na tutajibu mmoja mmoja.